Ngozi ya Tatu

Programu ilikuja na ngozi ya kiwandani,
ya kijivu, kama ofisi ya posta,
vitufe sitini na vinne vimebanana kama meno ya kitana,
na juu kabisa, pembeni, saa
ambayo Bogna hakuitazama hata siku moja.
Saa, alisema, ni ya wanaotaka kwenda nyumbani.

"Nitakushonea nyingine," nikajitia fundi.
Na fundi nilikuwa kweli, zamani, wa mashine za kufumia,
hapa hapa Łódź, kabla viwanda havijafungwa
na kumbi za wafumaji kugeuzwa hoteli.
Sasa nina miaka sitini na mitatu, nasoma faili mstari kwa mstari,
na naona ni kazi ile ile: msimbo ni uzi,
ukikatika mahali pamoja nguo nzima inagoma.

Novemba. Jikoni kwake, ghorofa ya nne.
Bomba la joto linagonga ukutani
mapigo mia na tisa kwa dakika (amelipima),
na mimi naandika rangi kwa tarakimu:
ef ef, sifuri sifuri, tisa tisa,
waridi kali linalowaka kama dirisha la duka la simu.
Hiyo ndiyo ngozi ya kwanza. Alicheka mpaka akakaa chini.

Ya pili niliitia weusi na fedha,
sahani mbili zinazunguka, na chini ya kila kitufe kivuli,
kivuli kilichonigharimu mikesha miwili.
Koma moja niliisahau: skrini nzima ikawa kiza.
Nikaitafuta koma hiyo kama mtu anayetafuta
punje ya mchele kwenye theluji.
Nilipoipata nilimwita aje aone uzuri.

Akaja. Akanyoosha mkono achukue chai,
mkono ukapita kando ya glasi,
ukarudi, ukapita tena.
Sikusema kitu. Yeye ndiye aliyesema:
"Daktari anasema naona kwa tundu la ufunguo.
Na mlango, Zenon, unazidi kunenepa."

Wanasema macho hayana pazia.
Ya Bogna yanalo, linavutwa kutoka pande zote,
taratibu, na mtu asiyeonekana.

Nikaitazama ile ngozi yangu ya fedha.
Kila mwamba ngoma ngozi huivutia kwake:
nilikuwa nimeivuta, nimeivuta hadi kifuani,
mpigaji nimemwacha nje.

Basi nikafumua.
Vivuli, nje. Sahani zinazozunguka, nje:
nani aliwahi kusikia kwa kutazama duara?
Saa, nje.
Mawimbi ya nyimbo mbili nikayasogeza katikati,
moja juu ya jingine, upana wa vidole vinne,
hili la njano ya kiini cha yai, lile jeupe,
na nyuma yao weusi usio na hata nukta.
Kasi, kwa tarakimu nene kama namba za tramu.
Yeye aliikaribia skrini, jicho moja kalifumba,
akawa ananielekeza: kushoto. Bado.
Kushoto pikseli tatu.
Hapo. Hapo, usiguse.

Jumamosi, chini ya kilichokuwa kiwanda cha rangi,
watu mia mbili waliuona mgongo wa kompyuta tu,
na stika ya kliniki ya meno niliyoibandika kuziba ufa.
Mimi nilisimama nyuma yake, jirani na soketi,
nikaiona njano ikiufuata weupe,
meno kwa meno, kama zipu inayopandishwa,
na kidole chake kikishuka kwenye kitufe
bila kupapasa.
Sakafu ikaruka. Mimi nilikuwa nawaza koma.

Saa kumi na moja alfajiri, kwenye ngazi, akivaa glavu,
akaniambia: "Ile saa.
Irudishe."

Ndogo, pembeni?

"Katikati," alisema. "Kubwa."